Imetokeaje? Historia ya Swali Moja la Hospitali

Uwe Njoro, Molo, Gilgil, Subukia, Bahati, Naivasha au hapa Nakuru mjini, vuta kiti usikilize.

Mara nyingi katika mazungumzo haya tunaongea juu ya chanjo, lishe na malaria. Leo tutaongea juu ya historia. Ni historia ya swali moja ambalo kila mama aliyempeleka mtoto aliyeumia hospitalini amewahi kuulizwa. Daktari au muuguzi anatazama jeraha, halafu anauliza: "Imetokeaje?"

Akina mama wengi hawalipendi swali hili. Wanaona ni kama kulaumiwa. Wengine hujibu kwa kifupi, "Ameanguka tu," na basi. Leo nataka tuone swali hili lilitoka wapi, na kwa nini jibu lako linaweza kuokoa mtoto wako na watoto wa watu wengine. Tutapitia London, tutapitia Njoro, na tutapanda ndege kidogo. Usiogope, tutashuka salama.

Watu walipoanza kuhesabu vifo

Zamani, katika jiji la London huko Uingereza, kila juma ilichapishwa orodha ya watu waliokufa na sababu za vifo vyao. Mwaka wa 1662 mfanyabiashara mmoja aitwaye John Graunt aliandika kitabu juu ya orodha hizo. Alikadiria kwamba katika watoto 100 waliozaliwa, 36 walikufa kabla ya kufika miaka 6.

Lakini orodha hizo zilikuwa na kasoro. Sababu nyingine ziliandikwa "ghafla". Nyingine ziliandikwa "meno". Mama msikilizaji, mtoto hauawi na kuota meno. Kinachomwua mtoto wa umri huo ni kuharisha, homa, nimonia na magonjwa mengine yanayokuja wakati meno nayo yanaota. Neno "meno" lilificha ugonjwa wenyewe. Na ugonjwa uliofichwa hautafutiwi dawa.

Hata kwetu Afrika Mashariki, wako watu ambao bado wanalaumu meno mtoto anapoharisha, na wengine huyang'oa kwa kisu au waya. Mtoto hutokwa damu na kupata vidonda, na kuharisha kunabaki pale pale. Mnaona basi, jina baya la ugonjwa linaweza kuua.

Katika karne ya 19 Mwingereza William Farr alisema kwamba kila ugonjwa unafaa kuwa na jina moja linalotumiwa na wote. Florence Nightingale, yule muuguzi mashuhuri, alitaka hospitali zote zitumie fomu za namna moja. Mwaka wa 1893 Mfaransa Jacques Bertillon alitoa orodha ya sababu za vifo ambayo nchi nyingi ziliikubali. Orodha hiyo imerekebishwa mara kwa mara. Leo inasimamiwa na Shirika la Afya Duniani, na hospitali huiita ICD. Kila ugonjwa na kila jeraha limepewa msimbo, yaani herufi na namba. Msimbo huo ukiandikwa Nakuru, daktari wa Japani akiuona ataelewa, hata kama hajui neno moja la Kiswahili.

Ndege zinafika kwetu

Sasa turudi nyumbani. Mwaka wa 1927 kilianzishwa hapa Kenya chama cha watu wanaopenda kurusha ndege, Aero Club of East Africa. Hizo zilikuwa ndege ndogo, nyingine za mbao na kitambaa. Matajiri wa Kizungu walizirusha kwa kazi na kwa starehe pia, kama vile wengine walivyopenda farasi. Na ajali hazikukosekana.

Mwezi wa Machi 1928, Maia Carberry alikuwa akimfundisha mwanafunzi kurusha ndege karibu na Nairobi. Ndege ilianguka na wote wawili wakafa. Maia alikuwa mama, na aliacha binti mdogo.

Tarehe 14 Mei 1931, Denys Finch Hatton aliruka kutoka Voi. Ndege yake ilianguka mara tu baada ya kupaa na ikashika moto. Alikufa pamoja na mtumishi wake Mkikuyu. Kaburi la Finch Hatton liko kwenye vilima vya Ngong, na watalii hulitembelea mpaka leo. Yule mtumishi hutajwa kwa maneno machache tu katika vitabu, na vingine havimtaji kabisa.

Hapo pana jambo la kufikiria. Siku hizo kuandikisha vifo kulikuwa sheria kwa Wazungu, tangu mwaka wa 1904. Kwa Waafrika haikuwa hivyo. Uandikishaji wa lazima kwa Wakenya wote ulianza wilaya chache mwaka wa 1963, ukaenea pole pole, na ukafika nchi nzima mwaka wa 1971. Watoto wa nyanya zetu waliokufa kwa surua, kwa moto wa jikoni au kwa kuanguka mtoni hawakuingia katika hesabu ya mtu yeyote. Mama zao waliwahesabu moyoni. Serikali haikuwahesabu.

(Muziki kidogo)

Msichana wa Njoro

Rubani aliyejulikana zaidi kutoka upande wetu huu ni Beryl Markham. Alizaliwa Uingereza mwaka wa 1902, akaletwa Kenya akiwa mtoto mdogo, akakulia katika shamba la baba yake huko Njoro. Alizoeza farasi wa mashindano, kisha akajifunza kurusha ndege. Tarehe 4 Septemba 1936 aliruka peke yake kutoka Uingereza kuvuka bahari ya Atlantiki kuelekea Marekani. Alikaa angani zaidi ya saa 20. Mafuta yakaacha kufika kwenye injini, akalazimika kutua katika kinamasi huko Nova Scotia, Kanada. Ndege iliingiza pua kwenye tope. Beryl alitoka akivuja damu kichwani, lakini akapona. Alifariki Nairobi mwaka wa 1986.

Je, ajali ya Beryl iliingia katika orodha ile ya kimataifa? Haikuingia. Mpaka wakati huo orodha ilikuwa ya sababu za vifo tu. Aliyepona hakuhesabiwa.

Mama, fikiria maana yake. Mtoto aliyeungua mikono yote miwili akabaki hai, lakini vidole vimeshikana na hawezi kushika kalamu, hakuwa na nafasi katika orodha. Mtoto aliyevunjika mguu akabaki akichechemea, vivyo hivyo. Orodha ilijua makaburi tu.

Mwaka wa 1948: mambo mawili, si moja

Mwaka wa 1948 Shirika la Afya Duniani lilipitisha toleo la 6 la orodha. Mabadiliko mawili makubwa yalikuja. La kwanza, wagonjwa na majeruhi waliopona nao wakapata nafasi. La pili, jeraha likapewa misimbo miwili. Msimbo mmoja unasema ni jeraha gani. Msimbo wa pili unasema limetokeaje.

Tuchukue mfano wa Beryl. Angetibiwa katika hospitali inayotumia toleo la 10, kidonda chake cha kichwa kingeandikwa S01. Halafu mwandishi wa rekodi angeuliza: Imetokeaje? Ndege ndogo ya binafsi yenye injini imeanguka. Hiyo ni V95.2.

Orodha inatenganisha kila namna ya kuanguka kutoka angani. Helikopta ni V95.0. Tarehe 21 Oktoba 2017 helikopta iliyokuwa na watu 5 ilianguka katika Ziwa Nakuru, na nafasi yake katika orodha ni hiyo. Puto kubwa la hewa moto, kama yale yanayobeba watalii Maasai Mara, ni V96.0. Ndege isiyo na injini, inayoelea kwa upepo, ni V96.2. Mtu aliyeruka kwa parachuti akaumia ni V97.2.

Pengine unacheka sasa. Unasema, "Mimi na puto wapi na wapi?" Ngoja kidogo. Orodha hiyo hiyo iliyomkumbuka tajiri na puto lake imemkumbuka mtoto wako pia. Sikiliza.

Mtoto amepanda mparachichi, tawi limekatika, mkono umevunjika. Kuvunjika kwa mkono sehemu ya chini ya kiwiko ni S52. Kuanguka kutoka kwenye mti ni W14.

Mtoto amevuta kitambaa cha meza, chai ya moto imemmwagikia kifuani. Kuungua kiwiliwili ni T21. Kuunguzwa na kinywaji cha moto ni X10.

Mtoto alikuwa akivuka barabara kutoka shule, akagongwa na boda boda. Mtembea kwa miguu aliyegongwa na pikipiki ni V02.

Mtoto amekunywa mafuta ya taa yaliyowekwa kwenye chupa ya soda. Hiyo ni X46.

Toleo la 11 limeanza kutumika tangu 1 Januari 2022, na herufi zake ni tofauti. Lakini wazo ni lile lile: limeumia nini, na limetokeaje.

Tulichojifunza kutoka kwa marubani

Sasa, hesabu hizi zina faida gani? Nitawapa hadithi mbili za kweli.

Ya kwanza ni ya Hugh DeHaven, kijana wa Kimarekani aliyekuwa akijifunza kurusha ndege za vita mwaka wa 1917. Ndege yake iligongana na nyingine angani ikaanguka. Aliumia vibaya sana tumboni, lakini akapona. Hakuridhika kuambiwa kwamba ni bahati. Aliuliza kitu gani hasa ndani ya ndege kilimwumiza, akaona ni bakoli nene ya mkanda wake, iliyombana tumboni. Baadaye, mwaka wa 1942, alianza katika Chuo Kikuu cha Cornell kazi ya kuchunguza ajali za ndege ndogo. Kwa kila majeruhi aliuliza mambo yale mawili: ameumia wapi, na ni kitu gani kilimwumiza. Alijifunza kwamba mtu anaweza kuokoka katika ajali kubwa akifungwa vizuri mahali pake na kama mbele yake hapana kitu kigumu au chenye ncha.

Kazi hiyo ikahamia kwenye magari. Mwaka wa 1959 kampuni ya Volvo ilianza kuuza magari yenye mkanda unaopita begani na kiunoni, uliobuniwa na Nils Bohlin. Na Februari 2004, hapa Kenya, waziri John Michuki alilazimisha kila matatu kuwa na mikanda na kifaa cha kuzuia mwendo usipite kilomita 80 kwa saa. Kwa hiyo mama, ukikaa kwenye matatu ya Nakuru kwenda Nairobi ukafunga mkanda, unanufaika na maswali waliyoulizwa marubani walioanguka.

Hadithi ya pili ni ya moto. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, marubani wengi waliungua uso na mikono. Walitibiwa Uingereza na daktari aitwaye Archibald McIndoe, mzaliwa wa New Zealand. Wakati huo madaktari wengi walipaka vidonda vya moto dawa ya kukausha ngozi. McIndoe aliona jambo. Marubani walioangukia baharini walipona vizuri zaidi kuliko walioangukia nchi kavu. Akauliza kwa nini. Akaacha ile dawa ya kukausha, akawaosha wagonjwa kwa maji yenye chumvi kidogo, pale hospitalini.

Mmoja wa madaktari waliojifunza kwake alikuwa Michael Wood, mpasuaji aliyefanya kazi Kenya. Mwaka wa 1957 Wood, McIndoe na Mmarekani Tom Rees walianzisha shirika ambalo leo tunaliita Amref, pamoja na madaktari wake wa ndege. Elimu iliyotoka kwa marubani walioungua ikafika kwa watoto wa vijijini Afrika Mashariki.

Na sisi wa upande huu tunajua moto. Tarehe 31 Januari 2009, huko Sachangwan, lori la mafuta lililoanguka lilishika moto watu wakichota mafuta. Zaidi ya watu 110 walikufa. Majeruhi wengi waliletwa hapa Nakuru, katika hospitali ya mkoa ambayo wengi bado tunaiita PGH. Wenye kuchota mafuta walikuwa baba, vijana, hata watoto. Tangu siku hiyo hakuna haja ya kumweleza mtu wa Molo kwa nini lori lililoanguka si la kukimbilia.

(Muziki kidogo)

Wewe mama, sehemu yako ni ipi?

Wewe huhitaji kujua msimbo. Hiyo ni kazi ya watu wa ofisi ya rekodi. Kazi yako ni kusema ukweli wote, kwa sababu mwandishi wa rekodi anaandika kile alichoandika daktari, na daktari anaandika kile ulichosema. Ukisema "ameanguka tu", itaandikwa ameanguka tu. Hiyo haina tofauti na "ghafla" ya London.

Ukifika hospitalini, eleza mambo haya matano:

1. Nini kilimwumiza: chai, panga, pikipiki, mti, mbwa, mafuta ya taa.
2. Mahali: jikoni, barabarani, shuleni, shambani.
3. Saa ngapi ilitokea.
4. Alikuwa akifanya nini, na alikuwa na nani.
5. Umempa au kumpaka nini kabla ya kuja.

La tano ndilo linalofichwa zaidi, na linaweza kuua. Chukua mtoto aliyekunywa mafuta ya taa. Mama anaogopa kuonekana mzembe, anasema mtoto anakohoa tu. Mtoto atatibiwa kikohozi, kumbe mafuta yameingia mapafuni. Ikiwa alimtapisha nyumbani asiseme, hatari ni kubwa zaidi, kwa sababu mafuta yakipanda juu tena huingia mapafuni kwa urahisi. Mtoto akinywa mafuta ya taa usimtapishe. Usimpe maziwa wala mafuta ya kupikia. Mpeleke hospitali mara moja, na ubebe ile chupa.

Mtoto akiungua, mwondoe kwenye moto, mvue nguo iliyolowa isipokuwa kama imeshikana na ngozi. Mwagia mahali palipoungua maji safi ya baridi yanayotiririka kwa dakika 20. Usitumie barafu. Usipake yai, unga, samli, dawa ya meno wala udongo. Zile chumvi za McIndoe zilikuwa za hospitalini, kwa vipimo vya daktari. Nyumbani usitie chumvi. Funika kwa kitambaa safi, mkinge mtoto na baridi, kisha nenda hospitali.

Katika gari, usifunge mkanda mmoja ukuzunguke wewe na mtoto uliyempakata. Gari likigonga, uzito wako utambana. Akipata kiti chake na mkanda wake ni bora zaidi. Katika boda boda, usikubali mtoto akalishwe mbele juu ya tangi.

Na likitokea lile tusiloliombea, mtoto akafariki nyumbani, mpe naibu wa chifu habari na umweleze ilivyotokea kweli kweli. Usichukue tu kibali cha mazishi ukanyamaza. Kuna watu wataniuliza, "Mtoto ameshakwenda, karatasi itamrudisha?" Haitamrudisha. Lakini kama watoto 5 wamezama katika bwawa moja la kunyweshea ng'ombe na kila mmoja ameandikwa "ghafla", bwawa hilo halitawekewa ua. Wakiandikwa wote "alizama bwawani", mtu atauliza bwawa gani. Mtoto wa 6 ndiye atakayeokolewa na karatasi hiyo.

Najua pia hofu nyingine. Mama anaogopa mume, anaogopa mama mkwe, anaogopa polisi. Wahudumu wa afya wanaonisikiliza, hapa nawageukia. Swali lile liulizwe kwa upole. Mama akifokewa leo, kesho ataficha, na atakayeumia ni mtoto. Na ikiwa jeraha si la ajali, ikiwa mtoto amepigwa, mama, hapo ukweli wako unahitajika zaidi kuliko mahali pengine popote.

Mambo ya kukumbuka

- Jeraha lina habari mbili: limeumia wapi, na limetokeaje. Zote mbili zisemwe.
- Mtoto aliyepona naye anahesabiwa. Mpeleke kliniki, aandikwe.
- Sema ulichompa au kumpaka nyumbani, hata kama unaona aibu.
- Usimtapishe mtoto aliyekunywa mafuta ya taa. Aliyeungua, mwagie maji safi kwa dakika 20.
- Andikisha kila kizazi na kila kifo.

Msikilizaji, marubani wa zamani walipanda angani kwa hiari yao, wengi kwa starehe. Walipoanguka, watu waliuliza, wakaandika, na dunia ikajifunza. Mtoto anayeungua jikoni hakupanda ndege yoyote, lakini naye anastahili kuulizwa na kuandikwa vile vile. Ukiulizwa tena, "Imetokeaje?", vuta pumzi, uketi, ueleze.

Mweleze na jirani yako.